Q-School (mashindano ya kufuzu ya hatua kwa hatua, mara moja kwa mwaka) au mchujo wa Jumatatu (wa kupata nafasi kwenye shindano la wiki hiyo tu), ipi njia nzuri ya kuingia PGA Tour, ligi kubwa ya gofu ya kulipwa Marekani?

Huu ubishi hauishi. Kwa hela, Q-School inauma: kiingilio ni maelfu ya dola, ukifeli hatua ya kwanza ndo basi mpaka mwakani. Jumatatu ni mamia tu, ila unalipa kila wiki, jumlisha hoteli na petroli, mwisho wa msimu mfuko umetoboka vilevile.

Kwa uhakika sasa, Q-School fainali ni mashimo 72, ukiharibu shimo moja una muda wa kurekebisha, japo tangu 2025 kadi (ruhusa ya kucheza PGA Tour msimu unaofuata) ni 5 tu na mkilingana mnarudi uwanjani kuchujana. Jumatatu ni mashimo 18, nafasi 4 au pungufu, unaweza piga 66 (mipigo michache, alama nzuri sana) na bado ukafungasha begi. Kikatili kweli.

Lakini mcheza gofu wa Canada, Corey Conners, 2019 alipenya Jumatatu kwa kuwashinda wenzake 5 waliogombania nafasi moja, Jumapili akabeba shindano lenyewe, Valero Texas Open, na tiketi ya Masters, moja ya mashindano makubwa kabisa ya gofu, juu! Sasa wewe kama mchezo wako umetulia na una mdhamini, nenda Q-School, ila kama unapiga birdie (shimo kwa pigo moja pungufu ya kiwango) 8 leo kesho unapotea, Jumatatu inakufaa zaidi.