Tuisheni ya hesabu Tabata: mwalimu wa vizibo

Mwanangu alikuwa anakariri tu "hasi na hasi ni chanya", halafu anaandika −2 − 3 = 5. Mwalimu huyu anamwaga vizibo vya soda mezani: vyeusi ni chanya, vyekundu ni hasi, na cheusi kimoja na chekundu kimoja ni sifuri. Haya, 5 − (−3). Vyekundu vya kuondoa hakuna! Basi anaongeza jozi tatu za sifuri, anatoa vyekundu vitatu, vinabaki vyeusi vinane. Dogo kaelewa palepale (na mimi pia, tusidanganyane). Chumba kina joto balaa, feni moja haifui dafu, ila kwa buku kwa siku silalamiki. Mazoezi ya nyumbani tu ndiyo machache mno, aongeze.