Kasumba, madeni na merikebu: Sea of Poppies ya Amitav Ghosh

Wengi wanaoiacha Sea of Poppies, riwaya ya Kiingereza ya Amitav Ghosh wa India kuhusu biashara ya afyuni, huiacha ndani ya kurasa mia za mwanzo, na kinachowashinda ni lugha. Rubani wa mtoni, Bwana Doughty, akifungua mdomo tu, Kiingereza na Kihindustani vinatoka vimechanganyika kama mchele na pojo. Mabaharia nao wana lugha yao, na wanakijiji wa Bihar, kaskazini mwa India, wanaimba kwa Kibhojpuri. Mara nyingi mwandishi hatafsiri, wala hatii maelezo chini ya ukurasa.

Usikimbilie kamusi. Ukisimama kwenye kila neno geni, sura moja itakula jioni nzima na mzaha wote utakuwa umepoa. Soma maneno ya Doughty kwa sauti, upesi, upate maana kutokana na hasira au ulafi wake. Baadhi ya matoleo yana kiambatisho cha maneno mwishoni, kinachodaiwa kuwa kazi ya Neel, mmoja wa wahusika. Kinapendeza, lakini kinasimulia asili na visa vya maneno zaidi ya kutoa maana, kwa hiyo kisome baada ya riwaya.

Msomaji wa Kiswahili ana bahati ambayo hata Mwingereza hana. Mkuu wa mabaharia anaitwa Serang Ali, na serang ndiye serahangi wetu. Mmarekani Zachary Reid anaitwa na mabaharia “Malum Zikri”, na malum ni malimu, yule mjuzi wa njia za baharini. Lascar, jina la jumla la mabaharia hao, lina nasaba moja na askari. Kuna pia uvumi unaowatia hofu vibarua wanaosafirishwa kwenda Mauritius: kwamba huko wanakopelekwa watakamuliwa mafuta kutoka vichwani. Mafuta hayo wanayaita mimiai. Aliyekua akitishwa kwa mumiani hahitaji kuelezwa zaidi.

Riwaya ilitoka mwaka 2008 na ikaingia orodha fupi ya tuzo ya Man Booker mwaka huohuo. Ni ya kwanza kati ya tatu, ina karibu kurasa 500, na imegawanyika sehemu tatu: nchi kavu, mto, bahari. Hadithi inaanza mwaka 1838, na mwaka huo haukuokotwa tu. Sheria ya mwaka 1833 iliinyang’anya Kampuni ya India Mashariki, kampuni ya Kiingereza iliyotawala sehemu kubwa ya India, ukiritimba wa biashara na China, lakini utengenezaji wa afyuni katika maeneo iliyoyatawala kaskazini mwa India ikabaki nao. Kampuni ilinunua kwa wakulima utomvu wa mpopi, mmea unaotoa afyuni, ikausindika katika viwanda vya Patna na Ghazipur, ikauza masanduku kwa mnada Calcutta. Kuyapeleka China, ambako afyuni ilikuwa marufuku, iliwaachia wafanyabiashara binafsi, ikajifanya haijui kitu. Wakati huohuo, kuanzia mwaka 1834, utumwa ulikuwa umefutwa katika makoloni ya Uingereza, na mashamba ya miwa ya Mauritius yalitaka mikono. Skuna, yaani merikebu ya matanga, iitwayo Ibis, iliyojengwa Baltimore na kuwahi kubeba watumwa, inanunuliwa na mfanyabiashara Benjamin Burnham kwa ajili ya afyuni. China inapoanza kukaza kamba, Ibis inabebeshwa vibarua wa mkataba na wafungwa. Chumba cha chini walikofungiwa watumwa hakihitaji marekebisho makubwa.

Kwa maoni yangu, nguvu ya kitabu hiki iko kwenye hesabu kuliko kwenye viboko, ingawa viboko vimo. Mtazame Deeti, mkulima wa mipopi karibu na Ghazipur, ambaye mumewe anafanya kazi katika kiwanda cha afyuni. Paa lake linavuja, na nyasi za kuezekea hazipatikani. Kwa nini? Kwa sababu mashamba yaliyokuwa ya ngano sasa yamejaa mipopi, na pasipo ngano hakuna mabua. Zamani mpopi ulipandwa kipande kidogo kando ya dengu na mboga. Sasa mkulima anapewa fedha ya utangulizi, analazimika kumuuzia mnunuzi mmoja kwa bei anayoipanga huyohuyo, na baada ya kukatwa utangulizi hubaki na cha kununulia chakula ambacho zamani angekivuna mwenyewe. Mwandishi hahutubii. Anakuonyesha paa.

Vivyo hivyo na petali. Mwanzoni kabisa Deeti anaokota petali zilizodondoka, ambazo hupangwa kwenye tawa la moto na kukandamizwa kwa kitambaa hadi zishikane kama chapati nyembamba. Chapati hizo ndizo gamba la donge la afyuni, na sanduku moja la kwenda China lilibeba madonge 40. Deeti anapoingia kiwandani kumchukua mumewe aliyezidiwa, tunapita naye ukumbi kwa ukumbi: vumbi linalowapigisha watu chafya tangu langoni, wanaume walio uchi wakizunguka ndani ya matangi, wamezama hadi kiunoni katika afyuni wanayoikanyaga ilainike, kisha ghala la rafu ndefu ambako wavulana wanarushiana madonge. Nje, nyani wanaokunywa maji machafu ya kiwanda wamelewa chakari. Kama una muda wa kuonja kipande kimoja tu kabla ya kununua, onja hicho.

Kwa upande wa Neel Rattan Halder, zamindari (mmiliki mkubwa wa ardhi) wa Raskhali, kitanzi ni deni. Burnham anaitaka ardhi yake, na Neel anashtakiwa kwa kughushi, kwa sahihi alizoziona kuwa desturi ya biashara yao. Anayedhani kesi hiyo imetiwa chumvi akumbuke kwamba Maharaja Nandakumar alinyongwa Calcutta mwaka 1775 kwa kosa la kughushi, kwa sheria ya Kiingereza. Neel anachanjwa kosa lake kwenye paji la uso, kisha anafungiwa pamoja na Ah Fatt, teja aliyeshikwa na arosto, anayelala katika uchafu wake. Mtu ambaye hajawahi hata kujifulia nguo anaomba ufagio na sabuni, anasugua sakafu, halafu anamwosha mwenzake. Tabaka, unajisi na fahari ya ukoo vinaondoka na maji ya ndoo, na hakuna mstari unaotuambia tusikitike.

Kasoro zipo. Burnham na genge lake ni wabaya wa mchezo wa kuigiza: wanasali, wanakula, wanapiga. Hata hivyo ile kauli ya Burnham inayolinganisha biashara huria na Yesu Kristo haikubuniwa, inafahamika kuwa ya John Bowring, aliyekuja kuwa gavana wa Hong Kong. Baboo Nob Kissin, karani wa Burnham, anachekesha mara tatu za kwanza, baada ya hapo unatamani apishe. Paulette, yatima wa mtaalamu wa mimea Mfaransa, anajifanya mwanamke kibarua na kuingia melini kwa urahisi usioaminika. Na watu wote muhimu wanavyojikuta kwenye chombo kimoja, hapo inabidi msomaji amfumbie mwandishi jicho moja.

Tatizo kubwa zaidi ni mwisho. Kitabu hakiishi, kinakatika, katikati ya dhoruba usiku. Ukinunua juzuu hii peke yake ukitarajia hadithi kamili utakasirika. Juzuu ya pili, River of Smoke ya mwaka 2011, haiendelei moja kwa moja: inahamia Canton, bandari ya China, kwa mfanyabiashara Mparsi wa India, Bahram Modi, siku za Lin Zexu, kamishna wa China aliyetumwa kuizuia afyuni, na Deeti anaonekana kidogo mno. Ndiyo nzito na tulivu zaidi, na walioanza kwa ajili ya Deeti hukwama hapo. Ya tatu, Flood of Fire ya mwaka 2015, inaingia katika Vita vya Afyuni pamoja na Kesri Singh, kaka yake Deeti, sepoi (askari Mhindi) katika jeshi la Kampuni. Zisome kwa mpangilio huo, zisiachane miezi mingi, na uandike majina kwenye karatasi tangu Ibis inapofika mtoni, maana mtu mmoja huitwa majina matatu kutegemea ni nani anamwita.

Sijui lugha nyingi ambamo neno la afyuni na neno la akili iliyotawaliwa ni hilohilo moja. Sisi tunalo, kasumba. Ghosh angelijua, kile kiambatisho chake kingeongezeka ukurasa.