Jaketi la mvua Nairobi: tazama mishono, mengine baadaye

Kila msimu wa mvua ndefu malalamiko ya wasomaji ni yale yale. Jaketi limeandikwa "waterproof" kifuani, bei haikuwa ya mchezo, mtu kashuka matatu Kencom akakimbia hadi ofisini, na kufika huko shati limemgandia mabegani. Ukilimwagia jaketi maji nyumbani, yanateleza vizuri kabisa. Sasa yanaingilia wapi?

Kwenye mishono. Sindano ya cherehani inatoboa kitambaa kila baada ya milimita mbili tatu, na kila tundu ni mlango. Hata ungepewa lile joho la hadithi ambalo mshale haulipenyi, likishonwa mshono ukaachwa wazi, mvua itakupata humo humo ndani. Kwa hiyo rangi, saizi na idadi ya mifuko mtajijulia wenyewe. Mimi nimepanga hasa kwa jambo moja: ule utepe unaobandikwa juu ya mshono upande wa ndani.

Nambari moja ni Gore-Tex ya mtumba (Gore-Tex ni kitambaa cha mvua cha kampuni ya Gore ya Marekani), yenye tabaka tatu. Siwafichi, hii ndiyo ninayoipenda, na atakayeniita shabiki hajakosea. Ndani ya kitambaa chake, kwa majaketi mengi ya mtumba, kuna utando mwembamba wa PTFE, plastiki ile ile ya utepe mweupe ambao fundi wa mabomba huzungushia kwenye nyuzi za bomba. Mwaka 1969, huko Marekani, Bob Gore aliishika fimbo ya plastiki hiyo ikiwa moto, akaivuta kwa ghafla badala ya polepole. Ikarefuka sana, ikajaa vitundu visivyoonekana kwa macho. Kampuni yenyewe husema kila kitundu ni kidogo mara 20,000 kuliko tone la maji, ila ni kikubwa mara 700 kuliko molekuli ya mvuke. Mvua inabaki nje, jasho linatoka. Kwa mji huu, ambao matone mawili yakianguka magari hayasogei na unaamua kupiga mguu kutoka Ngara hadi Upper Hill, jasho si jambo dogo.

Lakini kilichonishika mimi ni utepe. Jaketi halisi la Gore-Tex limezibwa mishono yote, hadi ile ya kofia. Bei ya jipya sitaitaja, msije mkakosa usingizi. Nendeni soko la mitumba la Gikomba alfajiri belo likifunguliwa, au la Toi, mkalipie kamera, yaani zile bora zinazochaguliwa kwanza. Ukifika saa nne umebakishiwa fagia, yale mabaki.

Ukishalipata, ligeuze ndani nje hapo hapo. Lenye tabaka tatu halina bitana inayoning'inia, kwa hiyo utepe unauona wazi. Pitisha ukucha nyuma ya shingo, pale kofia inapoungana na koti, kisha mabegani ambapo mikanda ya begi husugua. Ukingo wa utepe ukiinuka, au ukiacha unga na vipande vipande kidoleni, gundi imekufa, rudisha. Kama umebeba chupa ya maji, lowesha mshono kwa nje, weka leso kwa ndani, bana mdomo hapo upulize kwa nguvu. Viputo vikitokea, hapo ndipo mvua itakapopita. Muuzaji atakutazama kama umerukwa na akili. Mwache atazame.

Jaketi likinywa maji juu juu badala ya kuyatelezesha, usilikatae kwa hilo pekee. Dawa ya nje ndiyo imechakaa. Lifue, lisuuze povu lote liishe, likauke, kisha lipige pasi ya uvuguvugu, kitambaa kingine kikiwa kati ya pasi na jaketi. Mara nyingi hufufuka.

Nambari mbili ni Gore-Tex ya tabaka mbili, ile yenye bitana ya wavu. Kitambaa ni kizuri vile vile, tatizo ni kwamba bitana inaficha mishono, na wauzaji wanajua hivyo. Tafuta uwazi wowote, mfukoni au kwenye pindo, uingize vidole upapase. Ukikosa pa kuingilia, punguza bei au ondoka.

Tatu, suti za plastiki nzito wanazovaa watu wa bodaboda. Zile nzuri zimeunganishwa kwa moto, hazina tundu hata moja, na kwa mshono zinaishinda Gore-Tex. Hilo nalikubali kwa shingo upande. Ila panda nazo ngazi hadi orofa ya nne uone kama hutalowa kwa jasho lako mwenyewe.

Nne, na mbali sana, ni majaketi mapya ya dukani yenye hayo maandishi kifuani. Mengi ni poliesta iliyopakwa plastiki, mishono wazi, na baada ya miaka kadhaa ile plastiki huanza kunata na kubanduka. Haya ndiyo kampuni zetu hupenda kuwagawia wafanyakazi, tena baada ya kutarizi nembo kifuani. Yaani mtu kanunua jaketi la mvua, kisha akalitoboa mamia ya matundu juu ya moyo kwa ajili ya matangazo! Mafundi wa sokoni nao ni hivyo hivyo: ukiwapa jaketi wakupunguzie mikono, wanakurudishia mshono mpya usio na utepe, na pesa wanachukua.

Plastiki za kujifunika zinazouzwa barabarani ni za dharura, zichanike ukatupe. Mwavuli nao uacheni, barabara ya Tom Mboya saa kumi na moja jioni utamtoboa mtu jicho.

Kuhusu bei, hapo ndipo damu inanichemka. Jaketi lile lile, kwa muuzaji yule yule, asubuhi ya jua ni elfu moja mia tano. Wingu likitanda mchana linaitwa elfu mbili mia tano, na ukimkumbusha anasema lile la asubuhi lilishauzwa. Nunueni Januari au Februari, jua likiwa kali, mkiwa mmevaa fulana. Akikuuliza jaketi la mvua ni la nini kwenye jua hili, mwambie ni la kumpelekea shangazi Limuru, na usipande hata shilingi kumi.