CD ya Pollini, etudi za Chopin: kama unajifunza piano nunua hii

Vijana wanaojifunza piano, hasa wale waliotokea kwenye vinanda vya kwaya, wananiuliza sana wanunue nini cha kusikiliza kitakachowasaidia kweli. Jibu langu ni hii CD ya Deutsche Grammophon, mpiga piano wa Italia Maurizio Pollini anapiga etudi 24 za mtunzi Chopin, yaani vipande vya kufanyia mazoezi ya mkono, opus 10 na opus 25 (opus ni namba ya chapisho la mtunzi). Ilirekodiwa Munich mwaka 1972 na mpaka leo watu bado wanainunua, na kama huna mashine ya CD basi kwenye programu za muziki za simu ipo pia. Haifiki hata saa moja. Nyota tano kutoka kwangu, na humuhumu nitajibu ile lawama inayomfuata Pollini kila mahali, eti anapiga kama mashine, hana moyo.

Anza na etudi ya pili ya opus 10. Kwa asiyeijua, mkono wa kulia ule upande wa nje, yaani kidole cha kati, cha pete na cha mwisho, ndio unaokimbia nusu toni kwa nusu toni, yaani noti hadi ya jirani yake kabisa, kupanda na kushuka bila kupumzika, halafu kidole gumba na cha shahada vinadonoa noti za kusindikiza hapo chini. Kidole cha pete na cha mwisho ndivyo vidole dhaifu kuliko vyote na Chopin kavipa kazi nzito kwa makusudi. Wapigaji wengi wakifika hapo noti zinaanza kumezwa, au kidole gumba kinapiga kwa nguvu mpaka kinaufunika mstari wote. Kwa Pollini kila noti unaisikia, hakuna iliyomzidi mwenzake, na bado mstari unapanda na kushuka kwa pumzi, unajua kabisa sentensi inaanzia wapi na inaishia wapi. Nimeisikiliza hii moja tu mara nyingi kuliko zote nyingine na kila nikirudi nasikia kitu kwenye mkono wa kushoto ambacho sikukitilia maanani.

Sasa huu usafi haukushuka tu kutoka mbinguni. Pollini kazaliwa Milano 1942, akafundishwa na Carlo Lonati kisha Carlo Vidusso, na shule yake ilikuwa konservatori (chuo cha muziki) ya Milano, ile ile ambayo mwaka 1832 ilimkataa Verdi, mtunzi wa opera, akiwa na miaka 18 na leo inaitwa kwa jina lake. Na hizi konservatori za Italia zina historia ambayo ukiijua hii CD inafunguka upya. Za kwanza Napoli zilikuwa nyumba za kulelea yatima, zilikuwa nne, Santa Maria di Loreto ilianza mwaka 1537, watoto wanalishwa, wanavishwa, wanafundishwa muziki ili waimbe kwenye misa na maandamano na mazishi na pesa irudi kuendesha nyumba. Wakubwa wanafundisha wadogo. Mwanahistoria wa muziki Mwingereza Charles Burney alipoingia Sant'Onofrio, mojawapo ya hizo nne, mwaka 1770 alikuta kwenye chumba kimoja vinanda saba au nane, violini zaidi ya hizo na waimbaji, wote wanafanya mazoezi kwa pamoja, kila mtu na kipande chake na ki yake (noti ya msingi ya wimbo), na chumba hichohicho ndimo vilipo vitanda vyao! Fikiria unajifunza kusikia sauti yako mwenyewe katikati ya makelele hayo. Watunzi Pergolesi, Cimarosa, Paisiello, wote ni watoto wa nyumba hizi.

Kutoka hapo mpaka Pollini ni safari ndefu, ila kuna kitu hakikubadilika, nacho ni kwamba sikio na jicho vinafundishwa kabla ya vidole. Chukua solfa. Wengi wetu tumekulia kwaya, do re mi tunaijua vizuri, lakini kwetu do inahama, wimbo ukiwa ki ya G basi do ni G, ukiwa ki ya F do imehamia F. Kwa Muitaliano do haihami, do ni C siku zote. Na mwanafunzi wa konservatori kabla ya kuimba anazisoma noti kwa mdomo, anataja jina la kila noti kwa urefu wake kamili huku mkono unahesabu mapigo hewani, na anatakiwa aweze kwa funguo 7 (alama za mwanzo wa mistari zinazoonyesha noti ipi iko wapi), sio ule wa G na wa F tu. Ukikosea urefu wa noti moja unarudi mwanzo. Piano yenyewe kwa mtaala wa zamani ilikuwa miaka 10, na mitihani mikubwa mwaka wa 5, wa 8 na wa 10, Bach na Clementi kwa wingi. Humo ndani kulikuwa na jaribio moja mimi nalipenda sana, mwanafunzi anapewa kipande, anafungiwa chumbani kwa muda wa saa 3 yeye na piano tu, akitoka anakipiga mbele ya majaji. Hakuna mwalimu wa kumwambia hapa punguza hapa ongeza, kila kitu atakitoa kwenye karatasi.

Ndiyo maana nasema ukimsikia Pollini unamsikia mtu anayeiamini karatasi. Alishinda mashindano ya Chopin pale Warsaw mwaka 1960 akiwa na miaka 18, mpiga piano maarufu Rubinstein akiwa miongoni mwa majaji, na badala ya kukimbilia majukwaa yote yaliyomfungukia akapunguza matamasha akaenda kusoma zaidi kwa mpiga piano Arturo Benedetti Michelangeli, ambaye naye alimaliza konservatori hiyohiyo ya Milano akiwa na miaka 14. Mtu asiye na moyo hafanyi hivyo jamani. Sikiliza etudi ya 7 ya opus 25, ile ambayo mkono wa kushoto ndio unaoimba, anavyouacha ukue polepole bila kuvuta vuta mapigo wala kulia lia, huzuni yote ipo pale, ila hakuongezea chumvi. Au ile ya 3 ya opus 10 ambayo kila mtu anaijua, wengine wanaipaka sukari mpaka inachosha, yeye anaiacha itembee na inaumiza zaidi.

Kasoro zipo. Ile ya 5 ya opus 10, ya funguo nyeusi za piano, naona imebana, ningependa icheke kidogo. Sauti ya piano imerekodiwa karibu sana na kwenye noti za juu ina ugumu, ukisikiliza kwa earphone za bei rahisi ile ya 10 ya opus 25 yenye okteva (noti mbili za jina moja, ya chini na ya juu, kwa pamoja) inachosha masikio, punguza sauti au tafuta spika nzuri. Kwa spika ya simu usijisumbue, etudi ya 11 ya opus 25 mkono wa kushoto unapotea kabisa na ndio wenye wimbo.

Ushauri kwa wanaojifunza: sikiliza na noti mkononi, etudi moja kwa siku, usiiweke kama muziki wa kupikia. Na ukitaka ushahidi wa hili ninalosema kuhusu malezi, tafuta rekodi aliyoifanya London mwaka 1960 ya etudi hizihizi, yule kijana wa miaka 18, ilikaa kabatini mpaka lebo ya Testament ikaitoa mwaka 2011. Weka etudi ya pili ya opus 10 hapo, halafu weka ya 1972. Ya 1972 ina uzito zaidi na mimi ndiyo ningeinunua kwanza, ila usafi wa noti tayari upo kwa kijana, ametoka nao Milano. Baada ya hapo nenda kwa Michelangeli, konsato (kipande cha piano na okestra) ya mtunzi Ravel ya ki ya G aliyoirekodi 1957, anza na ile sehemu ya katikati ya taratibu.