Kombe la Mapinduzi kwa Mtu wa Dodoma: Boti Isubiri Nusu Fainali

Hatua ya makundi ya Kombe la Mapinduzi itazame kwenye televisheni hapa hapa Dodoma. Nauli itunze kwa ajili ya nusu fainali na fainali, hapo ndipo kombe hili linapolipa.

Hili ni kombe la soka la mwaliko, halina kufuzu. Zanzibar inaalika timu za visiwani, za bara na za nchi jirani, zinacheza kuanzia mwisho wa Desemba au mwanzo wa Januari, na fainali kwa kawaida ni Januari 13, siku moja baada ya sikukuu ya Mapinduzi. Dirisha dogo la usajili la bara linakuwa wazi, kwa hiyo makocha wa Simba na Yanga hupumzisha waliochoka na kuwapima wageni wao. Kwenye makundi unaweza kulipia jina kubwa ukakutana na kikosi nusu yake hukijui. Mtoano ukianza, utani unaisha.

Wageni ndio utamu wake. Tangu mashindano yaanze kwa sura ya sasa mwaka 2007, Yanga wakiwa mabingwa, majirani wameyachukulia kwa uzito. Mwaka 2013 Tusker ya Kenya ilifika fainali ikafungwa 2-1 na Azam. Mwaka uliofuata KCCA ya Uganda iliilaza Simba 1-0 ikaondoka na kombe, na 2016 URA, Waganda wengine, wakaichapa Mtibwa Sugar 3-1. Azam wamelibeba mara 5: 2012, 2013, 2017, 2018 na 2019. Wenyeji, baada ya Miembeni mwaka 2009, walisubiri miaka 14.

Aliyewafuta machozi ni Mlandege, klabu ya Unguja, na sisi wa kanda ya kati tunaikumbuka vizuri fainali ile ya 2023: Mlandege 2, Singida Big Stars 1. Singida walikuwa kwenye msimu wao wa kwanza Ligi Kuu. Walioona ule ushindi ni bahati nasibu walijibiwa 2024, Mlandege walipoifunga Simba 1-0 na kulitetea kombe.

Kasoro kubwa ni kwamba sura ya mashindano hubadilika. Mwaka 2025 klabu hazikuwepo kabisa: zilicheza timu za taifa, tena Gombani, Pemba, na Zanzibar Heroes wakaifunga Burkina Faso 2-1 kwenye fainali. Kabla ya kukata tiketi, hakikisha mambo mawili: ni klabu au taifa, na ni uwanja wa Amaan, Unguja, au Gombani, ulioko Chake Chake, Pemba. Boti ya Unguja haikufikishi Chake Chake. Kutoka Unguja utahitaji boti nyingine ya kwenda Mkoani, au ndege.

Kama ni Amaan, panda treni ya mwendokasi ya asubuhi. Ile ya haraka hutumia saa 3 na ushee hadi Dar, na kutoka stesheni ya Magufuli hadi kwenye boti ni mwendo mfupi. Boti huchukua saa 2 hivi, na ya mwisho huondoka alasiri, kwa hiyo treni ikichelewa umelala Dar. Beba kitambulisho chenye jina lile lile la kwenye tiketi. Fainali ikiwa ya usiku, weka bajeti ya kulala Unguja, maana ukitoka uwanjani hakuna boti ya kukurudisha.

Anayebaki Dodoma, adui yake ni mvua za Januari. Dishi la Azam TV hapa mjini linatazama magharibi, likivutwa kidogo kaskazini, kwa mwinuko wa nyuzi 56 hivi (kwa macho litaonekana limeinama zaidi, kwa sababu madishi haya madogo hupokea kwa pembe). Ndiyo maana wingu zito likisimama upande wa magharibi picha inakatika hata kama juu ya paa lako hakuna tone. Usipande kuligeuza, subiri lipite, picha itarudi yenyewe. Wingu likipita na picha bado inakatakata, kagua nati za nyuma, maana upepo wa Dodoma huzilegeza, kisha konekta ya waya pale kwenye LNB, kile kichwa cha mbele ya dishi kinachopokea mawimbi. Ukiikuta na kutu ya kijani, maji yameingia: kata kipande kilichooza, funga konekta mpya, izungushie tepu, na uache waya uning'inie kidogo chini ya LNB ili maji yadondoke kabla ya kuifikia.