Ukumbi wa muvi hapa Kisumu wanaoonyesha kazi ya mafundi wa seti, nendeni

Watu wa Kisumu, kama hamjafika ule ukumbi mdogo wa muvi ulioko ghorofani upande wa Kibuye basi kuna kitu kizuri kinawapita. Chumba ni kimoja, viti vya plastiki, projekta na shuka nyeupe ukutani, lakini Ijumaa jioni wanachagua mtu mmoja aliyefanya kazi nyuma ya kamera, wanaonyesha vipande vya muvi zake na jamaa mmoja anashika maiki anaelezea kwa Kiswahili. Kiingilio ni sh 200, chai ndani.

Mara ya mwisho zamu ilikuwa ya Alexandre Trauner, yule mchora seti wa Ufaransa, yaani yale majengo na vyumba vya kuigiza vya kwenye muvi. Mimi kazi yangu ni kujengea shule majukwaa msimu wa drama kwa hivyo nilikaa mbele kabisa na daftari. Mzee alizaliwa Budapest 1906, akasomea uchoraji, 1929 akahamia Paris akawa msaidizi wa Lazare Meerson aliyekuwa fundi mkubwa wa seti huko siku hizo. Wakatuonyesha Hôtel du Nord ya 1938, ukiangalia ule mfereji na kidaraja chake na hoteli pembeni unaapa kamera ilipelekwa mtaani, kumbe vyote vilijengwa, mfereji wenyewe walichimba huko kwa studio za Billancourt wakaujaza maji!

Lakini kilichonimaliza ni ofisi ya The Apartment, hii ni muvi ya Marekani, 1960, iliyoongozwa na Billy Wilder. Unaona meza zimepangwa safu kwa safu mpaka jicho linachoka, unadhani walikodi jengo zima. Jamaa akasimamisha picha, akaenda na rula mpaka kwa shuka akaanza kupima: meza za mbele saizi ya kawaida, zinazofuata ndogo kidogo, za nyuma ndogo zaidi, na huko mwisho wamekalishwa watu wafupi ndio walingane na meza zao. Jicho lako lenyewe ndilo linamalizia urefu. Trauner alipata Oscar kwa hiyo kazi na walai aliistahili. Mimi nilikuwa nawaza tu soko tunalojenga kwa jukwaa la shule, vile kila mwaka tunabanana kwa nafasi, na mbao zenyewe bei imepanda, kumbe vibanda vya nyuma ningevipunguza kimo na soko lote lingeingia.

Ile sehemu ya vita nayo walieleza vizuri sana, bila haraka. Trauner alikuwa Myahudi, Wanazi wamekalia Ufaransa, Wayahudi hawaruhusiwi kufanya kazi kwa filamu. Akajificha kusini na bado akachora seti za Les Enfants du paradis, mtaa mzima wa Paris wa zamani uliojengwa Nice, huku Léon Barsacq akitangulizwa mbele kama ndiye mwenye kazi. Muvi ilitoka 1945 na jina la Trauner likaandikwa. Mtu anatafutwa auawe na bado anakaa chini anachora madirisha ya nyumba moja moja, kwangu hiyo ni heshima ya kazi ambayo sijui kama ningeiweza.

Sasa malalamiko. Stori ya Othello, muvi aliyoongoza Orson Welles na ambayo Trauner naye aliichorea seti, waliipitisha mbio kama matatu ya jioni, na hiyo ndiyo ingesaidia vikundi vyetu zaidi! Walikuwa Moroko, nguo za waigizaji hazijafika, hakuna wa kungojea, basi ile sini ya mauaji ikahamishiwa bafu la mvuke ambapo mtu akijifunga taulo inatosha, na ikawa moja ya sini kali kabisa za ile muvi. Kila mwalimu wa drama mwenye bajeti ndogo anafaa kukalishwa chini aambiwe hiyo polepole. Halafu spika moja inakwaruza, na ukikaa nyuma maandishi ya chini huyaoni, kichwa cha mtu kiko hapo, na jamaa hawezi kuwatafsiria kila mstari.

Chai ni tamu, mandazi yanaisha mapema.

Walimu leteni wanafunzi, wakija na sare wanalipa nusu. Fikeni kabla ya saa kumi na mbili mpate viti vya mbele. Na wenye ukumbi kama mnasoma hii, tafadhali tuwekeeni muvi ya Subway ya 1985 nzima bila kukatakata, mzee Trauner alikuwa anakaribia miaka 80 na bado alichukua César, tuzo ya muvi ya Ufaransa, kwa hizo seti, nitakuja na vijana wangu wote wa karakana.