Instant Karma: Kimbelembele aliyekabidhiwa rungu la malipo

Niseme mapema, ili asiyetaka kusoma hadi chini apate jibu lake: Instant Karma ya Marissa Meyer ni riwaya nzuri ya mapenzi ya vijana, na ni riwaya ya wastani ya miujiza. Ukiichukua kwa ajili ya miujiza utanung'unika. Ukiichukua kwa sababu unapenda kuona watu wawili wasiovumiliana wakilazimishwa kukaa meza moja, hutajuta muda wako.

Mimi ni wa hilo kundi la pili. Riwaya za maadui wanaogeuka wapenzi nimezisoma nyingi kuliko inavyomfaa mtu mwenye shughuli zake, na nina ugomvi nazo wa siku nyingi. Nyingi hazina uadui wowote. Msichana amesikia neno nusu mlangoni, akakasirika, na ukurasa wa hamsini tayari anayasifia macho ya adui yake. Nyingine zina uadui kupita kiasi: mvulana anamdhalilisha msichana mbele za watu sura baada ya sura, halafu tunaambiwa ndivyo alivyokuwa akimpenda. Hizo nazifunga na kuzirudisha rafuni bila hata kujua ziliishaje. Uadui ninaoutafuta mimi ni ule wenye sababu, ambao kila upande ukisimama kujieleza, unakuta una hoja.

Hapa upo, tena umejengwa juu ya jambo dogo kabisa: kazi ya kundi.

Prudence ni mwanafunzi wa sekondari katika mji wa pwani huko California, mji wa kubuni unaoitwa Fortuna Beach. Ni msichana wa ratiba, wa rangi za kalamu zilizopangwa, wa kumaliza kazi wiki moja kabla. Quint Erickson, mwenzake wa maabara, ni wa kuchelewa. Kitabu chenyewe kinaanza Quint akiwa amechelewa, siku ambayo wanatakiwa kuwasilisha mradi wa somo la baiolojia, na Prudence amesimama pale na vitu vyake vyote vimekamilika, anachemka.

Nilimwelewa papo hapo. Shuleni mimi ndiye niliyekuwa naandika majina ya kundi zima juu ya kazi niliyoifanya peke yangu, kisha asubuhi ya kuwasilisha anakuja mtu anatabasamu na kuuliza, "Sehemu yangu ni ipi?" Wategeaji wa namna hiyo nawakumbuka kwa sura na kwa jina. Kwa hiyo Meyer hakuhitaji kunishawishi. Nilikuwa upande wa Prudence kabla hata Quint hajafungua mlango.

Na hapo ndipo mwandishi alipocheza vizuri. Alama zinarudi, za Prudence si zile alizozoea, na mwalimu anakubali warudie mradi kwa sharti moja: waurudie pamoja. Quint naye ana sharti lake. Msichana aende kwanza akajitolee katika kituo kinachoendeshwa na mama yake Quint, kituo cha kuokoa wanyama wa baharini waliojeruhiwa. Huko ndiko mvulana huyu anakoshinda wakati Prudence anadhani amelala. Ghafla kila kuchelewa kwake kuna maelezo. Maelezo hayo hayamsafishi kabisa, lakini yanatosha kukufanya ushushe kidole ulichokuwa umemnyooshea.

Sasa hiyo karma, yaani malipo ya matendo ya mtu. Usiku mmoja Prudence anatoka na wenzake kwenda kwenye karaoke, anaimba wimbo wa John Lennon ulioipa riwaya jina lake, anateleza na kujigonga kichwa. Akizinduka ana uwezo mpya: mtu akifanya ubaya mbele yake, Prudence akimtakia malipo, malipo yanakuja hapo hapo. Familia yake inaendesha duka la sahani za muziki na watoto wote wamepewa majina kutoka nyimbo za Beatles, bendi aliyokuwamo Lennon, kuanzia yeye mwenyewe na Jude, pacha wake, kwa hiyo wimbo huo haukudondoka tu kutoka hewani. Wenyewe ulikuwa wimbo wa pupa: Lennon aliutunga na kuurekodi siku moja, tarehe 27 Januari 1970, na baada ya siku 10 ulikuwa madukani Uingereza. Sijui kama Meyer alikusudia, ila pupa hiyo ndiyo tabia ya msichana wake. Anataka hukumu leo, na ikiwezekana kabla ya chakula cha mchana.

Walioikuza fikra ya karma, wafuasi wa dini za kale za India, yaani Wahindu, Wabudha na Wajaini, hawakuwa na haraka hiyo. Kwao tunda la tendo linaweza kuchelewa hadi maisha mengine, na Wabudha hutilia mkazo nia: aliyekukanyaga kwa bahati mbaya na aliyekukanyaga makusudi hawakutenda jambo moja hata kama kidole kinauma vilevile. Prudence anaona kitendo tu. Anaona dakika moja ya maisha ya mtu, anahukumu, anatekeleza, anaendelea na safari yake akijisikia mwepesi. Sisi tunasema malipo ni hapa hapa duniani, na tukisema hivyo tunajiweka pembeni tusubiri. Yeye amepewa funguo za ofisi.

Sura za mwanzo za adhabu hizi zinachekesha. Kuna waharibifu wa mali, kuna wasengenyaji, kuna watu wakorofi wa kila siku, na nisingekuwa mkweli kama nisingesema nilifurahia kila mmoja alipokipata chake. Kisha nikachoka. Mtindo ni ule ule: mtu anakosea, Prudence anakereka, kitu kinamwangukia mkosaji. Katikati ya kitabu nilikuwa nikiziruka. Lakini kuna ufundi mmoja uliookoa sehemu hii yote, nao ni kwamba rungu hilo linagoma kwa Quint. Yule mtu ambaye Prudence ana hamu kubwa kuliko wote ya kumwadhibu, ndiye ambaye kila akijaribu jambo linakwenda mrama au linamrudia mwenyewe. Msomaji anaelewa sababu mapema sana. Prudence, mwenye akili kuliko darasa zima, haelewi kabisa. Nyani haoni kundule, na Meyer anamwacha nyani wake aendelee kutoona kwa kurasa nyingi bila kumsaidia.

Kilichonivutia zaidi ni kwamba sikumwona mtu hata mmoja aliyebadilika kwa sababu ya kuadhibiwa. Wanaloa, wanaanguka, wanaaibika, wanaondoka. Hawajui hata wameadhibiwa kwa kosa gani. Anayebadilika ni Prudence peke yake, na mabadiliko yake yanatokea kwenye ndoo za samaki. Anafika kituoni akiwa na mipango ya kuwafundisha watu kazi, anapewa ufagio. Anaosha, anabeba, ananuka. Anagundua kwamba watu aliowaona ovyo wanajua mambo ambayo yeye hana habari nayo, kama vile namna ya kumlisha mnyama mgonjwa anayekataa kula. Na jambo ninalompongezea mwandishi ni kwamba hakumvua Prudence tabia zake ili apendeke. Kimbelembele kile kile kilichokuwa kero darasani ndicho kinachokuja kufaa pale kituo kinapokosa fedha na anahitajika mtu wa kupanga harambee, kupiga simu na kuwasumbua watu hadi wakubali. Msichana yule yule, ila sasa anauliza kabla ya kuamuru. Mara nyingi.

Nilidhani mambo ya kituo yametiwa chumvi hadi nilipofuatilia. Vituo vya aina hiyo vipo kweli California. Marine Mammal Center, iliyoko Sausalito, ng'ambo ya daraja kutoka San Francisco, ilianzishwa mwaka 1975 na inategemea sana watu wa kujitolea. Na tangu 1972 Marekani ina sheria inayomkataza mtu wa kawaida kumsumbua au kumshika mnyama wa baharini kama sili au simba wa bahari, hata akimkuta anateseka ufukweni. Unapiga simu, unakaa mbali, unasubiri wanaojua. Fikiria sasa Prudence, mtu wa kutenda mara moja, anamkuta simba wa bahari amejeruhiwa na hawezi kufanya lolote zaidi ya kungoja, halafu wa kuja kuokoa ni Quint. Hiyo ndiyo sura bora ya riwaya nzima. Hakuna muujiza ndani yake. Kuna msichana aliyekaa kimya akimtazama mvulana ambaye yeye msichana alizoea kumdharau, akifanya kazi kwa utulivu na kwa mikono inayojua inachofanya, na chuki yake inakosa pa kukaa. Simba huyo anapewa jina Lennon, kwa wale wanaofuatilia mambo ya majina.

Mdogo wangu wa kike, ambaye nilimpa kitabu nilipomaliza, hakukubaliana nami karibu kwa lolote. Alikisoma kwa ajili ya Quint tu.

"Dada, huyu kaka hana kosa," aliniambia. "Prudence ndiye mwenye shida."

"Alichelewa."

"Alikuwa anaokoa wanyama!"

"Angesema."

"Kwa nani? Kwa huyo anayekunja uso mtu akipumua?"

Alinishinda hapo, ingawa sikumwambia. Lakini jibu lake hilo ndilo malalamiko yangu makubwa kuhusu riwaya hii. Quint hana kosa. Ni mpole, ni mcheshi, anapiga picha chini ya maji, anampenda mama yake, anawapenda wanyama, na akishachelewa ile mara ya mwanzo hana dhambi nyingine ya kueleweka. Wanapaswa kukutana njiani, ila safari yote anaifanya msichana. Yeye ndiye wa kulegea, wa kuomba radhi, wa kujifunza kucheka. Mvulana anasubiri palepale alipo, tayari amekamilika. Mapenzi yao ni mazito na matamu, sikatai, na busu lilipokuja nilikuwa nimelisubiri kwa haki. Ila ningependa kumwona Quint akikiri kwamba kumwacha mwenzako abebe mzigo wa darasa peke yake ni dharau pia, hata kama una sababu nzuri ya kutokuwepo. Ukiniuliza, huyo ndiye aliyestahili kuangukiwa na kitu kidogo. Tawi, kwa mfano.

Mdogo wangu anasema nina kinyongo cha kazi za kundi. Labda.

Kasoro nyingine nazitaja haraka. Kuelekea mwisho kuna tuhuma na kutoelewana kunakosukuma wapenzi wetu mbali, na utaona inakuja kama lori la mkaa mlimani, polepole na kwa kelele. Sitakumalizia uhondo, ila jiandae kuona watu wenye akili wakisahau ghafla kuulizana swali moja la wazi. Familia ya Prudence ni kubwa na wadogo zake wananichanganya. Ari, rafiki yake, anastahili nafasi kubwa zaidi ya aliyopewa. Na suala la ule uwezo, ulitoka wapi na unaishia wapi, limefungwa kwa namna iliyonifanya nirudie ukurasa nikidhani nimeruka kitu.

Lugha ni nyepesi. Prudence anasimulia mwenyewe, kwa wakati uliopo, na hasira zake zinachekesha kwa sababu hajui kwamba anachekesha. Kwa mzazi anayeuliza: hakuna cha kuficha, ni kitabu cha kumpa mtoto wa miaka 13 au 14 bila kukifungua kwanza. Kwa anayetafuta mapenzi ya moto, apite. Wanaomjua Meyer kwa Cinder ya mwaka 2012 na mfululizo wake wasitegemee vita wala falme. Hapa kuna ufukwe, miradi ya shule na ndoo za samaki.

Nakipa nyota nne kati ya tano kwa mapenzi, mbili na nusu kwa karma, na nyota ya ziada kwa yule mwalimu aliyewarudisha meza moja kwa lazima, maana walimu wa namna hiyo kwenye riwaya huwa hawashukuriwi. Kama unajua huwezi kuvumilia msimuliaji anayekuudhi kwa kurasa mia za kwanza, anza na With a Little Luck, iliyotoka 2024. Hiyo ni ya Jude, pacha wake, ambaye ni mtulivu na hana habari na mtu. Mdogo wangu ameshaianza na ameniambia nisimuulize chochote.